Safu ya nne ya mkopo wangu wa nyumba

Shemeji yangu, mdogo wake mume wangu, alinipigia simu Jumanne usiku, sauti imejaa furaha. Benki imemkubalia mkopo. Nyumba iko Utange, vyumba vitatu, kisima ndani ya ua, na atalipa kwa miaka 25. "Shemeji, makato yenyewe madogo, nayaweza," akaniambia. Nilimpongeza kwa moyo wote, maana najua alivyohangaika na nyumba za kupanga kule Bombolulu. Halafu nikamuuliza kama ameonyeshwa jedwali la malipo. Akasema ameonyeshwa karatasi yenye kiasi cha kila mwezi.

Karatasi hiyo hiyo ndiyo niliyoonyeshwa mimi. Kwa hivyo nayaandika haya kwa ajili yake, na kwa mwingine yeyote wa hapa Mombasa ambaye kalamu iko mkononi na barua ya ofa iko mezani.

Kwanza nieleze kwa nini niliitaka nyumba kwa hali na mali. Marehemu baba alijenga Kisauni nyumba ya Kiswahili ya vyumba sita, ukumbi katikati, na baraza mbele ambapo wazee wa mtaa walikaa kila jioni. Nyumba ilikuwa yake, ardhi haikuwa yake. Wenyeji wa hapa mnalijua jambo hili, nyumba bila ardhi: matofali yako, udongo wa mwingine. Kila mwezi alimlipa wakala wa mwenye ardhi, akapewa risiti, na risiti zote akaziweka kwenye kopo la biskuti chini ya kitanda. Mwaka 2003 ardhi ikauzwa. Tulipewa miezi mitatu. Mama alilitoa lile kopo akalifungua mbele ya mnunuzi, akatandaza risiti za miaka ishirini na zaidi juu ya mkeka, na yule bwana akamwambia kwa upole kabisa, "Mama, hizi ni za kodi." Sijasahau. Tangu siku ile nilijua nitakufa nina hati miliki yenye jina langu.

Kwa hivyo mwanzoni mwa 2021 tulipopata nyumba ya Kiembeni kwa milioni 6, sikutaka kusikia hesabu nyingi. Mimi ni karani wa hesabu katika kampuni ya kutoa mizigo bandarini. Siku nzima nakagua ankara za watu, napigia mstari ushuru uliozidi shilingi mia. Ya kwangu sikuikagua. Hamu ilinitangulia.

Tulikuwa na milioni 1.2 za kuanzia, benki ikatoa milioni 4.8, riba asilimia 13, muda miaka 20. Kila mwezi shilingi 56,236. Kijana wa mikopo aliandika tarakimu hiyo kwenye karatasi, akaizungushia duara, akaisukuma upande wetu wa meza. Mimi na mume wangu tukatazamana: mshahara wake na wangu tukiuunganisha, tunaweza. Swali letu lilikuwa hilo moja tu, tunaweza au hatuwezi.

Kabla hata ya kushika ufunguo, gharama zilizokuwa nje ya duara lile zikaanza kuja moja moja. Ushuru wa stempu, maana mjini ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba: 240,000. Stempu nyingine ya kusajili rehani yenyewe, 4,800. Ada ya benki ya kushughulikia mkopo, 48,000. Mthamini, 24,000. Mawakili, wetu na wa benki, jumla 168,000, na ndiyo, wakili wa benki pia unamlipa wewe. Ukijumlisha ni 484,800. Tuliuza pikipiki ya mume wangu, tukakopa kwa ami yake Voi, na friji tukakaa bila hadi Agosti.

Jedwali nililipata mwezi wa pili baada ya kuhamia, na ni kwa sababu niliandika barua kuliomba. Kurasa sita, mistari 240. Nililisoma ndani ya matatu nikitoka kazini, tumekwama kwenye foleni pale Buxton kabla ya daraja la Nyali, jua la magharibi linanipiga shavuni. Safu ya kwanza ni mwezi. Ya pili, malipo. Ya tatu, riba. Ya nne, kiasi kinachopunguza deni lenyewe. Ya tano, salio.

Mstari wa kwanza ulisema hivi: malipo 56,236, riba 52,000, kinachopunguza deni 4,236.

Nilidhani wamekosea. Nikafanya hesabu kwa simu. Milioni 4.8 mara asilimia 13 ni 624,000 kwa mwaka. Gawanya kwa miezi 12, ni 52,000. Hawakukosea. Riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki, na mwezi wa kwanza deni lote limebaki, kwa hivyo karibu pesa yote inaishia kwenye riba. Mwezi wa pili safu ya nne ikapanda hadi 4,282. Shilingi 46 zaidi. Nikaanza kushuka na kidole, ukurasa wa kwanza, wa pili, wa tatu, nikitafuta mahali ambapo safu ya nne itaipita ya tatu, ambapo pesa yangu itaanza kununua nyumba kuliko inavyolipia mkopo. Kidole kilisimama mstari wa 177. Mwaka wa kumi na tano.

Matatu ilikuwa imeshavuka daraja, imepita hadi Kongowea, na sikuwa nimeona.

Usiku ule nilijumlisha. Malipo 240 ya shilingi 56,236 ni 13,496,640. Ongeza milioni 1.2 za mwanzo, ongeza zile 484,800, na bima ambayo nitaitaja, inakaribia milioni 16. Kwa nyumba ya milioni 6. Nilimwamsha mume wangu. Akakaa kitandani akalitazama jedwali muda mrefu, halafu akauliza swali ambalo tulipaswa kuuliza tukiwa mbele ya yule kijana: "Na tungechukua miaka kumi na mitano?"

Nimeshaifanya hesabu hiyo mara nyingi. Mkopo ule ule, riba ile ile, kwa miaka 15 makato ni 60,732. Tofauti ni shilingi 4,496 kwa mwezi. Jumla yake ni 10,931,760. Yaani kwa kuongeza pesa ambayo sisi wawili tulikuwa tunaimaliza kwa chakula cha mchana mjini, tungebakiza zaidi ya milioni mbili na nusu. Hakuna aliyetudanganya. Hakuna aliyetuonyesha pia.

Na shemeji, wewe unayechukua miaka 25, hesabu yako nimeigeuza kwa mkopo wangu ili uone. Makato yangeshuka kutoka 56,236 hadi 54,136. Nafuu ya 2,100 kwa mwezi. Na kwa nafuu hiyo ningelipa jumla ya milioni 16.24 kwa benki, milioni 2.7 zaidi ya miaka 20. Muda unavyorefuka, makato hayashuki kwa kadiri unayodhani, kwa sababu chini ya makato kuna riba ya mwezi, na riba haijali umepewa miaka mingapi. Yangu ilikuwa 52,000. Hata wangenipa miaka mia, nisingelipa chini ya hapo.

Kuna jambo lingine ambalo barua ya ofa inalisema kwa sentensi moja, nayo ni kwamba riba inaweza kubadilika. Mwaka 2021, tulipokopa, Benki Kuu ya Kenya ilikuwa imeweka kiwango chake cha riba, kile ambacho mabenki hukitazama yanapopanga riba yao, asilimia 7. Kufikia Februari 2024 kilikuwa 13. Zamani kidogo, kuanzia 2016, kulikuwa na sheria iliyozuia mabenki kuzidisha asilimia 4 juu ya kiwango hicho, lakini kizuizi kikaondolewa Novemba 2019, kabla sisi hatujafika. Basi Februari ile ikaja arafa kwenye simu: mteja mpendwa, riba ya mkopo wako itakuwa asilimia 16.5.

Nilikwenda kwenye jedwali. Tulikuwa tumelipa miezi 36 bila kuruka hata mmoja, jumla shilingi 2,024,496. Salio lilikuwa 4,614,720. Katika milioni mbili na ushee, deni lilikuwa limepungua 185,280. Na riba mpya ya mwezi mmoja juu ya salio hilo ilikuwa 63,452. Isome tena. Riba peke yake ilikuwa imezidi makato yote tuliyozoea kulipa. Makato mapya yakawa 67,623. Elfu kumi na moja zaidi, mwezi huo huo ambao karo ya kifungua mimba wetu ilikuwa inadaiwa.

Mama, ambaye anaishi nasi, alituona tumenyamaza mezani. Akauliza ni nani amekufa.

Mwezi wa Machi zamu yangu ya kupokea mchango wa chama chetu cha akina mama ikafika, shilingi 200,000. Zilikuwa zimepangiwa jiko jipya na kupaka rangi. Nilizipeleka zote benki, kwenye akaunti ya mkopo, nikijua nimefanya la maana. Aprili ikafika, hawakukata kitu. Mei, kimya. Nikafurahi kidogo, kisha nikashtuka. Nikaomba ruhusa kazini, nikaenda.

"Mama, zile laki mbili tumeziweka kama malipo ya mbele," afisa akanieleza. Yaani zilikuwa zimekaa pale zikingoja, zinamegwa kila mwezi kulipa makato ya kawaida, huku deni likiendelea kuhesabiwa riba kama kawaida.

Nikamwambia ninataka zipunguze deni lenyewe. Akasema sawa, hilo linawezekana, lakini lazima niandike barua, na nichague: nipunguziwe makato, au nipunguziwe muda. Nikauliza kila moja maana yake nini kwa shilingi. Akageuza skrini ya kompyuta nione. Nampa heshima yake kijana yule, alikuwa na subira.

Nikichagua kupunguziwa makato, yangeshuka kutoka 67,623 hadi 64,692. Nafuu ya 2,931 kwa mwezi, na miaka ibaki ile ile. Nikichagua muda, na niendelee kulipa 67,623 zangu, miezi 204 iliyobaki ingekuwa 167.

Miezi 37. Miaka mitatu na mwezi. Kwa riba ile, ni kama shilingi milioni 2.5 ambazo sitazilipa, kwa kutoa laki mbili mapema. Nilimwomba arudie hesabu. Akarudia.

Niliandika barua pale pale, kwenye kaunta, kwa mkono: pesa hizi zipunguze deni lenyewe kuanzia siku zilipoingia, muda wa mkopo ufupishwe, makato ya kila mwezi yasibadilike. Nikaomba nakala yangu ipigwe muhuri. Ninayo kwenye faili pamoja na hati ya kuzaliwa ya wanangu.

Ukielewa kwa nini laki mbili zilifanya kazi ya milioni mbili na nusu, umeelewa mkopo wa nyumba wote. Shilingi unayoitoa kwenye deni leo haihesabiwi riba mwezi ujao, wala ule unaofuata, wala mwaka wowote uliobaki. Ikitolewa mwaka wa tatu, inaokoa riba ya miaka 17. Ikitolewa mwaka wa kumi na nane, inaokoa ya miwili. Na sisi wengi hufanya kinyume. Miaka ya kwanza tunanunua makochi, tunajenga ukuta, tunaweka vigae, tukisema deni tutaliongezea kasi watoto wakimaliza shule. Wakati huo riba yote nono itakuwa imeshalipwa.

Agosti 2024 Benki Kuu ikaanza kukishusha kiwango chake, na baadaye benki yetu nayo ikafuata, polepole. Kila arafa ya kushuka ikija, naandika barua ile ile: makato yangu yaacheni palepale, punguzeni muda. Sasa wananijua.

Nimeambiwa na wengine kwamba nalalamika bure, kwamba kodi ya nyumba pia ni pesa inayopotea, na kwamba shilingi ya 2041 haitakuwa na uzito wa shilingi ya 2021. Ni kweli, na ninaikubali hoja hiyo. Nyumba kama yetu Kiembeni tungeipangisha kwa 25,000 wakati ule, na kodi hupanda. Mishahara nayo hupanda, na makato ya leo yanayobana yanaweza kuwa mepesi baada ya miaka kumi. Sijutii kununua. Lakini aliyenunua anapaswa kulinganisha kodi ile na vyote anavyotoa, na si na makato peke yake. Bima ya maisha na bima ya moto, ambazo benki hailegezi, zinanikata 3,200 kila mwezi. Kuna kodi ya ardhi ya kaunti. Kuna mlinzi na taa za njia tunazochangia na majirani. Maji ya mfereji kwetu yanatoka siku mbili kwa wiki zikiwa nzuri, na inaniuma zaidi kwa kuwa mimi ni Mtaita na maji ya chemchemi ya Mzima yanatoka kwetu kuja kunywesha mji huu. Kisima ni chumvi, kwa hivyo tunanunua ya bauza, lori la maji.

Halafu kuna hewa ya bahari. Vyuma vya madirisha ya upande wa mashariki, tulivyokabidhiwa viking'aa rangi nyeusi, mwaka wa tatu nilivishika nikaona rangi inabanduka kwa vipande kama ganda la embe, na ndani chuma kimekuwa unga mwekundu. Fundi alibonyeza kwa bisibisi, ikapenya. Tukabadilisha madirisha manne. Mpangaji angempigia simu mwenye nyumba. Mwenye nyumba ni mimi.

Jambo jingine lililonigharimu kwa kutojua ni nafuu ya kodi ya mapato. Aliyeajiriwa, na anaishi kwenye nyumba aliyoinunua kwa mkopo wa benki, riba anayolipa hupunguzwa kwenye mapato yake yanayotozwa kodi. Ilikuwa hadi 300,000 kwa mwaka, na tangu mwisho wa Desemba 2024 ni 360,000. Kwa anayetozwa asilimia 30 kama mimi, ilikuwa ni 7,500 kwa mwezi zinazobaki kwenye mshahara, na sasa ni 9,000. Nilikaa karibu miaka miwili bila kuidai, mimi karani wa hesabu. Unaomba benki cheti cha riba uliyolipa, unakipeleka kwa mwajiri au unakiweka kwenye marejesho yako ya mwaka. Hiyo 7,500 nilipoanza kuipata, sikuila. Iliingia safu ya nne.

Rafiki yangu wa Tudor, Mwislamu mshika dini, yeye hakutaka riba kabisa. Alikwenda benki ya Kiislamu kwa mpango wa murabaha: benki inanunua, inamuuzia kwa bei ya juu anayoijua, analipa kidogo kidogo. Bei yake si ndogo, nilipoiona nilishika kichwa. Ila iliandikwa yote siku ya kwanza, kwa tarakimu na kwa maneno, na 2024 wakati mimi napokea arafa yake yeye hakupokea kitu. "Mimi nililia mara moja tu, siku ya kutia sahihi," aliniambia. Na kuna njia ya mikopo inayopitia kampuni ya kitaifa ya KMRC, inayoyapa mabenki na vyama vya akiba pesa za bei nafuu ili wakopeshe watu chini ya asilimia 10. Mkopo wangu wa milioni 4.8 kwa asilimia 9.5 ungekuwa makato ya 44,742. Uliza kama unastahili kabla hujakubali kingine chochote. Mimi sikuuliza.

Jirani yetu wa nyumba ya tatu alipoteza ya kwake. Sitaieleza sana kwa sababu ni msiba wa watu. Alipoachishwa kazi aliona haya kwenda benki, akaacha barua zirundikane. Sheria ya Ardhi ya 2012 inampa mtu miezi mitatu ya ilani ya kurekebisha, kisha siku 40 nyingine kabla ya kuuza. Ni muda wa kutosha kuzungumza, kuomba mpango mpya, hata kuuza mwenyewe kwa bei nzuri. Yeye aliutumia akijificha. Siku dalali alipobandika karatasi langoni, mama yangu alikuwa amekaa barazani. Aliinuka akaingia ndani, akafunga mlango, na hakutoka hadi magharibi.

Shemeji anakuja Jumamosi. Nimemwambia asitie sahihi kwanza, na aje na mkewe, kwa kuwa ni nyumba ya ndoa na benki itataka idhini yake, na anayeweka idhini aone anachokiidhinisha. Nimemwambia aiandikie benki leo aombe jedwali zima, mistari yote 300, moja la miaka 25 na jingine la 15. Mimi nitapika wali wa nazi na samaki wa kupaka. Kopo la biskuti la baba bado ninalo, na risiti zimo. Nitaliweka mezani karibu na faili langu, tuanze na safu ya nne.